Dhamana ya Haya: Kiinua Mgongo Kinapolipa Deni la Mwingine

Mwalimu mstaafu nitakayemsimulia hapa alinipokea barazani kwake Ngamiani, Tanga, baada ya sala ya alasiri, wakati kivuli cha nyumba ya pili kimekwisha kuvuka njia na upepo wa baharini umeanza kujipenyeza vichochoroni. Na kabla kahawa haijamiminwa alikuwa amekwisha kuingia ndani na kutoka na bahasha ya kaki iliyochakaa pembe, akaiweka mkekani baina yetu taratibu, kama mtu awekaye ushahidi mbele ya kadhi.

Ndani mlikuwa na karatasi tatu. Ya kwanza ilikuwa barua ya kustaafu kwa kutimiza umri wa miaka 60, yenye maneno ya shukrani ambayo mzee aliyaruka bila ya kuyasoma. Ya pili ilikuwa mchanganuo wa mafao yake. Na ya tatu, fupi kupita zote, ilitoka katika chama chake cha akiba na mikopo, nayo ilimwarifu ya kwamba mwalimu kijana aliyemdhamini miaka minne nyuma ametoroka kazini, makato ya mkopo wake yamekoma, na salio la shilingi 7,400,000 sasa linadaiwa kwa wadhamini.

Neno "wadhamini" lilikuwa katika wingi, lakini barua ilikuwa imeandikiwa mtu mmoja.

"Sikukopa hata thumuni," aliniambia, huku akizirudisha karatasi katika bahasha kwa utaratibu ule ule aliozitolea. "Nilikopesha saini."

Chama kilikuwa kimekwisha kuitwaa akiba yake yote, shilingi 3,100,000, aliyoiweka mwezi kwa mwezi tangu ujana wake, na kwa hizo shilingi 4,300,000 zilizobaki kilimwambatishia, kwa adabu kubwa na salamu za ushirika, fomu ya idhini ya kuiruhusu benki ikate fedha hiyo katika akaunti yake mara tu mafao yatakapoingia. Fomu ile ilikuwa bado haijatiwa saini siku tulipozungumza. Hakupenda jina lake litajwe, wala la chama, wala la kijana. Na katika mji ambao watu hujuana kwa koo na kwa mitaa, nilimwona ana haki.

Makato yalikatika, deni halikukatika

Ili msomaji asiyekuwa mwanachama apate kuelewa jinsi deni la mtu mmoja linavyoweza kusafiri mpaka likafika katika kiinua mgongo cha mwingine, hana budi kwanza kuujua muamala wenyewe, ambao kwa hakika ni katika mambo mema yaliyobuniwa na watu wenye kipato kidogo. Watumishi wa mahali pamoja huchanga akiba kila mwezi. Mwenye haja hukopeshwa kutoka katika mfuko huo huo, aghalabu hadi mara tatu ya akiba yake. Na riba wanayolipa hurudi kwao wenyewe.

Sasa, mtu mwenye akiba ya milioni tatu anapokopeshwa tisa, hizo sita zilizozidi zinashikwa na nini? Hana hati ya nyumba, hana gari, na shamba la babu yake limo katika mirathi isiyogawanywa. Zinashikwa na vitu viwili: makato ya mshahara, ambayo mwajiri huyapeleka chamani kabla mshahara haujamfikia mwenyewe, na saini za wenzake wawili au watatu ambao akiba zao hufungwa mpaka mkopo uishe.

Maadamu mkopaji yumo kazini, saini hizi hulala usingizi, na wenye kuzitia huzisahau. Mkopaji akifariki, bima ya mkopo aghalabu hulipa, na wadhamini huenda mazikoni bila ya hofu nyingine. Balaa ni la yule asiyekufa wala asiyebaki, anayeondoka siku moja akasemekana yuko Dar es Salaam, mara Afrika Kusini, mara Oman. Kwa maana bima hailipi utoro, na mwajiri hakati mshahara wa mtu asiyekuwapo.

Hapo ndipo chama hufungua kabati la fomu. Katika wadhamini watatu wa kijana wetu, mmoja alikuwa amekwisha kufariki, wa pili amehamishiwa Songea na akiba yake ni haba, na wa tatu ndiye huyu mzee, ambaye si kwamba alikuwa na kosa kubwa kuliko wenzake, bali alikuwa na tarehe ya kustaafu iliyokuwa ikijulikana na kila mtu.

> Katika wadhamini watatu, deni lilimwendea yule ambaye tarehe yake ya kupokea fedha ilikuwa ikijulikana.

Mkupuo na hesabu zake

Wengi husema "mafao" kana kwamba ni kitu kimoja, ilhali ni viwili: kuna mkupuo, ambao hulipwa mara moja na ndio watu waitao kiinua mgongo, na kuna pensheni ya kila mwezi mpaka mauti. Mtumishi wa umma wa Tanzania hulipwa vyote viwili na PSSSF, mfuko ulioundwa mwaka 2018 kwa kuunganisha mifuko minne iliyotangulia, yaani PSPF, PPF, LAPF na GEPF. Na wa sekta binafsi hulipwa na NSSF.

Msomaji atakumbuka zogo la kikokotoo, yaani kanuni ya kukokotolea mafao hayo. Katika mifuko ya PSPF na LAPF ya zamani, mstaafu alipewa nusu ya haki yake kwa mkupuo. Kanuni za mwaka 2018 zikataka kuishusha hadi asilimia 25. Rais Magufuli akazisimamisha mwezi Desemba mwaka ule ule, baada ya vilio vilivyosikika nchi nzima. Kisha kikokotoo kipya kikaanza Julai 2022 kwa asilimia 33, na katika bajeti ya Juni 2024 Serikali ikakipandisha kufikia asilimia 40 kwa wale waliokuwa wakipata nusu hapo kale, na 35 kwa wale waliokuwa wakipata robo.

Tuzitie tarakimu hizi katika mfano. Mtumishi aliyechangia miezi 400, na ambaye wastani wa mishahara yake bora ya miaka mitatu ni shilingi milioni moja kwa mwezi, hugawanyiwa miezi ile kwa 580 na kuzidishiwa mshahara wa mwaka, yaani milioni 12, akapata pensheni ya mwaka yenye thamani ya shilingi milioni 8.28 hivi. Asilimia 40 ya hiyo, ikizidishwa kwa 12.5, ndiyo mkupuo: shilingi milioni 41.4 takriban. Iliyobaki humpa kama shilingi 414,000 kila mwezi. Kwa kanuni ya zamani, ya kugawanya kwa 540 na kuzidisha nusu kwa 15.5, mtumishi huyo huyo angaliondoka na karibu milioni 69 mkononi, ingawa pensheni yake ya mwezi ingalikuwa ndogo zaidi, yapata shilingi 370,000.

Sisemi haya ili kuufufua mjadala uliokwisha kuchosha masikio. Nasema kwa sababu mkupuo ule uliopungua ndio ambao mtumishi ameupangia mambo yake yote kwa miaka thelathini: kumalizia nyumba iliyosimama kwenye linta, kulipa ada ya mtoto wa mwisho, kununua pikipiki mbili za kukodisha, na pengine kwenda Makka. Kila shilingi milioni inayotoka humo kulipa deni la mtu mwingine haina mwezi wa pili wa kuirudisha. Mtumishi aliyekatwa akiwa kazini huumia, lakini mshahara hurudi. Tena kanuni za utumishi humlinda, kwa kuwa makato yote yakijumlishwa hayatakiwi kumwacha na chini ya theluthi moja ya mshahara wake. Huko Kenya, Sheria ya Ajira ya mwaka 2007 nayo imeweka mpaka huo huo, kwamba makato yasizidi theluthi mbili.

Mstaafu mwenye mkupuo hana theluthi ya kumlinda. Akitia saini ya kutoa wote, wote utatoka.

Ukuta wenye mlango

Je, sheria inaruhusu? Hili ndilo swali nililolipeleka kwa wakili mmoja wa mjini, naye alianza kwa kucheka, akasema kuwa sheria imejenga ukuta mrefu, kisha ikaacha mlango, na ufunguo wa mlango huo ikampa mstaafu mwenyewe.

Ukuta ni huu. Tangu enzi za Waingereza, sheria za pensheni katika nchi zetu zimekuwa zikikataza pensheni na kiinua mgongo kuhamishwa, kuwekwa rehani au kukamatwa kwa ajili ya deni, isipokuwa kwa mambo mawili ambayo mtawala aliyatengea nafasi: deni la Serikali yenyewe, na amri ya mahakama ya kumlisha mke au mtoto. Sheria za mifuko ya leo zimelirithi katazo hilo. Sheria ya Mafao ya Kustaafu ya Kenya, ya mwaka 1997, inazuia hata hukumu ya mahakama isitekelezwe ovyo juu ya michango iliyomo mfukoni. Na pale ilipofunguliwa kidogo, ilifunguliwa kwa ajili ya makazi tu, mwanachama akaruhusiwa kutumia hadi asilimia 60 ya mafao yake kama dhamana ya mkopo wa nyumba, na tangu mwaka 2020 kuchukua hadi asilimia 40, isizidi shilingi milioni saba za Kenya, akanunulie nyumba. Nyumba yake, si deni la jirani.

Kwa hiyo chama cha akiba na mikopo hakiwezi kwenda kwenye mfuko wa pensheni na fomu ya dhamana mkononi, kikasema: tukatieni. Mzee wetu hakulijua hili, na nilipomwambia alikaa kimya kitambo, kisha akauliza kwa nini basi barua ile inazungumza kana kwamba jambo limekwisha.

Jawabu limo katika mlango. Ulinzi wa sheria huifuata fedha ikiwa ingali mikononi mwa mfuko. Ikishashuka katika akaunti ya benki na kuchanganyika na fedha nyingine, ubishi huanza. India, ambako sheria zetu za mwenendo wa madai zilichotwa, Mahakama ya Juu iliamua mwaka 2008 ya kuwa pensheni na kiinua mgongo hazipotezi asili yake kwa sababu tu mwenyewe amekwisha kuzipokea na kuziweka benki katika amana ya muda maalumu, na kwamba bado haziwezi kukamatwa kwa deni. Hukumu ile haizifungi mahakama za Dodoma wala Nairobi, lakini wakili mwenye bidii anaweza kuileta na ikasikilizwa.

Ila hoja zote hizi, za ukamataji na utekelezaji wa hukumu, hufaa pale mdai anapotaka kuchukua kwa nguvu. Hazifai kitu mbele ya mtu aliyetoa kwa hiari. Fomu ya idhini iliyoambatishwa kwenye barua ya mzee haikuwa amri ya mahakama; ilikuwa ombi lililovishwa nguo za amri, na mstaafu akishaweka saini, sheria humtazama kama mtu aliyelipa deni lake mwenyewe kwa ridhaa yake.

> Fomu ile haikuwa amri ya mahakama. Ilikuwa ombi lililovishwa nguo za amri.

Hoja ya chama

Ingekuwa dhuluma kumsikiliza mzee na kuwahukumu wenzake bila ya kuwasikia. Nilikaa na mtu aliyepata kuwa afisa mikopo wa chama kingine kwa miaka mingi, mtu mpole, mwenye daftari la kumbukumbu ambalo bado hulibeba, naye alinieleza upande wa pili kwa utulivu ulionifanya nione haya kwa hasira niliyokuja nayo.

Fedha iliyokopwa, alisema, si ya chama. Chama hakina fedha. Ni ya mfagizi wa shule anayeweka shilingi elfu ishirini kwa mwezi, ya muuguzi mjane, ya mlinzi wa usiku. Kijana akitoroka na milioni saba amewatorokea hao. Bodi ikimhurumia mdhamini kwa sababu mvi zake ni nyingi, hasara ile haipotei hewani. Itahamia kwa mfagizi, ambaye hakuweka saini popote. Na kama itajulikana kwamba saini ya mdhamini haiumi, hapana atakayemchunguza anayemdhamini, na chama kitakufa.

Akaongeza jambo ambalo sikuwa nimelifikiria, kwamba mwanachama anapostaafu huomba kujitoa chamani na kuchukua akiba yake, na kwa kuwa baada ya hapo hana mwajiri wa kumkata, wakati ule mfupi baina ya barua ya kustaafu na malipo ya mkupuo ndio wakati pekee ambao chama kinaweza kumpata. Ukipita, mdhamini huhamia kijijini kwao na deni humfuata kwa barua tu. Ndiyo sababu ya haraka ile ambayo kwa mstaafu huonekana kama kuviziwa.

Nilimuuliza: na mkopaji mwenyewe? Alifunga daftari. Kumtafuta mtoro kunahitaji nauli, wakili, na muda. Kumpata mstaafu kunahitaji stempu. Madai ya mkataba yanaweza kufunguliwa ndani ya miaka sita, alikiri, na mkopaji aliyeko Dar es Salaam hajazama baharini. Lakini aliniambia wazi kuwa katika miaka yake yote ya kazi alikumbuka mara chache mno ambapo chama kilimfuata mkopaji mpaka mwisho, ilhali wadhamini waliolipa hakuweza kuwahesabu.

Yaliyomo katika fomu

Watu hudhani ya kuwa mdhamini ni wa mwisho kudaiwa, baada ya mkopaji kufilisiwa. Sivyo. Sheria ya Mikataba ya Tanzania, iliyotungwa mwaka 1961 kwa kufuata kielelezo cha sheria ya India ya mwaka 1872, humpa mdhamini dhima iliyo sawa na ya mkopaji mwenyewe, na mdai hana lazima ya kuanza na huyu kabla ya yule, ila kama mkataba umesema vingine. Na hili si geni kwa watu wa pwani: mafakihi wa madhehebu ya Shafii, ambayo ndiyo yaliyoenea kwetu, humpa mwenye kudai hiari ya kumdai mkopaji au mdhamini; ni wa madhehebu ya Maliki walioelekea kumtaka mdai amwendee kwanza mwenye deni akiwepo na ana uwezo. Hata neno lenyewe linatuonya, kwani dhamana na dhima vimekaa karibu sana katika vinywa vyetu.

Lakini sheria hiyo hiyo iliyo kali ina upande mwingine ambao barua za vyama huwa hazitaji, na hapa ndipo nilipomwomba mzee aitoe tena bahasha.

Alidhamini mkopo wa shilingi milioni nane, wa miezi 48. Alikumbuka mahali: chumba cha walimu, saa ya chai, amesimama, karatasi imewekwa juu ya rundo la madaftari ya darasa la sita. Lakini taarifa ya mkopo ilionyesha ya kuwa mwaka mmoja na nusu baadaye kijana aliomba nyongeza. Deni la kwanza likafutwa kwa mkopo mpya mkubwa zaidi, na muda ukaanza kuhesabiwa upya. Mzee hakuitwa na hakuarifiwa.

Ni kanuni ya zamani ya sheria ya dhamana kwamba mdai na mkopaji wakibadili masharti ya mkataba bila ya ridhaa ya mdhamini, mdhamini huwa amefunguliwa kwa yale yaliyofuata mabadiliko. Na kumwongezea mkopaji muda kwa mapatano, pasipo mdhamini kujua, huweza kumwokoa vile vile. Chama kinajibu kwa kuonyesha kifungu kilicho chini ya fomu ya kwanza, kwa herufi ndogo, kisemacho kuwa dhamana itaendelea kwa madeni yote ya mkopaji chamani. Huenda kifungu hicho kikashinda, huenda kisishinde. Hilo ni la hakimu. Nililoliona mimi ni kwamba hapana aliyemwambia mzee ya kuwa kuna ubishi. Alipewa hesabu na fomu ya kulipia.

Kuna na jambo la pili, rahisi zaidi, la kugawanya. Wadhamini wa deni moja hubeba mzigo sawasawa baina yao wenyewe, hata kama mdai ana haki ya kumdai mmoja deni zima. Milioni 7.4 kwa watatu ni shilingi 2,466,000 na ushei kwa kila mmoja, akiwemo marehemu, ambaye dhima yake huingia katika mirathi kama madeni mengine. Mzee, kwa akiba yake iliyokwisha kuchukuliwa, alikuwa amelipa fungu lake na kuzidisha kwa shilingi 600,000 na zaidi. Anayo haki ya kumdai mwenzake wa Songea. Anayo haki ya kuwadai warithi wa yule marehemu. Na juu ya hao wote, kwa kila shilingi aliyolipa anasimama mahali pa chama na kuwa mdai wa yule kijana, pamoja na haki yo yote ambayo chama kilikuwa nayo juu ya mali yake.

> "Dawa ya deni ni kulipa", husema watu. Methali haikusema ni nani alipe.

Wakili yule aliniambia kuwa jambo la kwanza ambalo angemshauri mstaafu ye yote aliyepokea barua ya namna hii ni kutotia saini siku hiyo. Aombe kwa maandishi nakala ya mkataba wa mkopo, nakala ya fomu ya dhamana, na mtiririko wa malipo tangu mwanzo. Aulize kama kulikuwa na nyongeza. Aulize wadhamini wengine wamedaiwa kiasi gani. Aulize ni hatua gani zimechukuliwa juu ya mkopaji. Chama chenye hesabu safi hakitachukia kuulizwa, na kikichukia, mwanachama anao mkutano mkuu na anayo Tume ya Maendeleo ya Ushirika ya kupelekea malalamiko.

Nami naona dawa iko nyuma zaidi, kabla ya barua. Mtu wa miaka 57 hapaswi kukubaliwa kudhamini mkopo wa miaka minne, kwa kuwa kila aliyeko kwenye kamati ya mikopo anaweza kuhesabu mpaka sitini. Kanuni ya namna hiyo haihitaji Bunge. Inahitaji mstari mmoja tu katika masharti ya chama, uliopitishwa na mkutano mkuu, kwamba dhamana isivuke tarehe ya kustaafu ya mdhamini, na kwamba miezi sita kabla ya tarehe hiyo mkopaji atafute mwingine wa kuingia mahali pake. Afisa mikopo wangu mwenye daftari alikubali kuwa ni jambo la insafu. Kisha akasema litapunguza wadhamini, kwa kuwa wazee ndio wenye akiba kubwa, na ndio wasiojua kukataa.

Haya

Kauli hiyo ya mwisho ndiyo iliyonirudisha Ngamiani kwa mara ya pili, kwa maana kulikuwa na swali ambalo mara ya kwanza sikuwa na ujasiri wa kuliuliza: kwa nini alitia saini?

Mzee hakukasirika. Alinieleza kuwa katika miaka yake ya kazi alidhamini watu tisa, na wanane walilipa. Kwamba yeye mwenyewe alijenga vyumba hivi viwili vya mbele kwa mkopo uliosimama juu ya saini za walimu watatu, wawili kati yao sasa wako kaburini, na hapana aliyemwuliza maswali. Kwamba kijana alipomjia na karatasi mkononi, mbele ya wenzake, akamwita "baba", asingeweza kumwambia angoje asome. Kumtaka mtu akuonyeshe hati ya mshahara wake kabla ya kumfaa ni kama kumhesabia tonge mgeni.

Ndivyo dhamana nyingi zinavyoandikwa kwetu; si kwa hesabu bali kwa haya. Mabenki yanajua, vyama vinajua, wakopaji wanajua. Na haya hiyo hiyo iliyotia saini ndiyo inayokuja kulipa. Kwa sababu haki zote nilizozitaja, ya kugawana na wenzake, ya kumdai mkopaji, ya kusimama mahali pa chama, zote zinahitaji mtu aende akamwambie mwenziwe: nilipe. Nilipomwuliza kama amemwandikia yule wa Songea, alisema ameanza barua. Nilipomwuliza kama anayo namba ya simu ya kijana, alisema anayo, tena inaita.

Mama wa kijana anakaa nyumba ya nne kutoka hapo. Nilionyeshwa mlango wake, wa bluu, wenye ukili unaokaushwa juani. Ramadhani iliyopita, miezi miwili baada ya akiba ya mzee kuchukuliwa, alimtuma mjukuu wake na bakuli la futari, mihogo ya nazi na samaki, kama afanyavyo kila mwaka. Mzee alilipokea bakuli, kesho yake akalirudisha na tende ndani, na mpaka leo katika nyumba zile mbili hapana aliyetaja milioni saba.